EMIN PASHA NA BOMA LA DUFILE

Wasomaji wetu wa upande wa Ikoma, katika wilaya ya Serengeti, wanayafahamu magofu ya boma la Wajerumani ambalo wageni huliita Fort Ikoma. Boma hilo lilijengwa kwa mawe mwanzoni mwa karne ya 20. Katika mwezi wa Juni 1917 Wajerumani na Wabelgiji walipigana hapo vita vikali. Wajerumani wakashinda siku hiyo, lakini baada ya miezi michache na wao wakasalimu amri mbali na Ikoma. Bendera iliyosimamisha kuta zile ikaondoka, na kuta zikabaki.

Mtu akitazama magofu huanza kuuliza habari za kuta. Nani aliyejenga? Mawe yalitoka wapi? Hayo ni maswali mazuri, lakini boma halikuwa kuta tu. Warumi wa kale, wale tunaowasoma katika Agano Jipya, walijenga maboma mengi kwenye mipaka ya dola lao. Huko Uingereza ya kaskazini kuna magofu ya boma moja linaloitwa Vindolanda, karibu na ukuta ambao Kaisari Hadriano aliamuru ujengwe mwaka 122. Wachimbaji waligundua kwamba nje ya boma palikuwa na mji mdogo. Tena walipata viatu vya wanawake na vya watoto, na barua zilizoandikwa juu ya vibao vyembamba vya mti. Kumbe kila boma lina watu wake: wake za askari, watoto, mafundi, wachuuzi na wakulima. Askari hupewa amri. Hao wengine huishi tu pale, wakilitegemea boma.

Basi, bendera ikiteremshwa, watu hao huenda wapi? Swali hilo lilimpata mtu mmoja aliyekuwa mkuu wa maboma ya mto Naili, ambaye mwishoni alipita pia katika nchi yetu. Jina lake ni Emin Pasha.

KUZALIWA NA KUTANGATANGA

Alizaliwa tarehe 28 Machi 1840 katika mji wa Oppeln, jimbo la Silesia, ambalo zamani hizo lilikuwa chini ya Prussia. Jina lake la kwanza lilikuwa Eduard Schnitzer. Wazazi wake walikuwa Wayahudi. Alipokuwa mtoto mdogo jamaa ilihamia mji wa Neisse, na baba yake akafa mwaka 1845. Mama yake akaolewa tena na mume Mkristo, na watoto wakabatizwa katika kanisa la Kilutheri.

Eduard alikuwa kijana mwenye akili, mpenda vitabu, mwenye kujua lugha nyingi. Aliwapenda ndege na mimea tangu utoto. Alisoma udaktari, akamaliza mwaka 1864. Lakini hakuruhusiwa kufanya kazi ya uganga kwao, akaondoka kwenda nchi zilizokuwa chini ya Waturuki. Huko akapata kazi ya daktari wa bandari, kisha akaingia katika nyumba ya mkubwa mmoja wa Kituruki, Ismail Hakki Pasha. Mkubwa huyo alipofariki mwaka 1873, Eduard alimchukua mjane wake pamoja na watoto akawaleta Neisse kwa mama yake, akiwaambia watu kwamba mwanamke huyo ni mkewe. Mwaka 1875 akaondoka ghafula. Hakuaga, wala hakurudi tena kwa mjane yule.

Jambo hili linafaa kukumbukwa, kwa maana tutaliona tena maishani mwake. Alikuwa mtu mwema, mpole, mwenye huruma kwa kila mgonjwa. Lakini mzigo ulipokuwa mzito mno alishindwa kuamua, na mwisho aliuacha.

KATIKA JIMBO LA IKWETA

Mwishoni mwa mwaka 1875 alifika Khartoum, mji mkuu wa Sudan, nchi iliyotawaliwa na Misri. Huko alijiita Emin. Neno hilo ni la asili moja na neno letu la kuamini, na maana yake ni mwaminifu. Mbele ya watu aliishi kama Mwislamu, akasali nao, ijapokuwa aliwaficha watu yaliyokuwa moyoni mwake. Hata rafiki zake hawakujua sawasawa anasimama wapi.

Mwaka 1876 Jemadari Charles Gordon, Mwingereza aliyekuwa gavana wa Jimbo la Ikweta, alimwita awe daktari wake mkuu. Gordon alimtuma kwa Kabaka Mutesa wa Buganda, na mwaka uliofuata kwa Mukama Kabarega wa Bunyoro. Emin alikwenda bila jeshi kubwa, akazungumza kwa adabu, akasikilizwa. Mwaka 1878 akafanywa gavana wa jimbo lote.

Jimbo hilo lililindwa kwa mlolongo wa maboma kandokando ya Naili: Lado, Rejaf, Kiri, Labore, Dufile, na mengine. Dufile lilikuwa muhimu kuliko mengi. Chini ya hapo mto una maporomoko, na stima kutoka Khartoum haziwezi kupanda. Kwa hiyo Gordon aliamuru stima zibebwe vipande vipande vichwani mwa watu, zikaunganishwe Dufile, ili ziweze kwenda mpaka Ziwa Albert. Boma lenyewe halikuwa la mawe kama la Ikoma. Lilikuwa ni tuta kubwa la udongo na handaki refu upande wa nchi kavu, na mto ukawa ukuta wa upande wa nne. Magofu yake yako Uganda, ukingo wa magharibi wa mto. Wataalamu wa mambo ya kale walikwenda kuchimba hapo mwaka 2006 na 2007, na tuta na handaki vilikuwa bado vinaonekana.

Askari wa maboma hayo wengi wao walikuwa watu wa Sudan, na maofisa baadhi yao Wamisri. Wengi walikuwa wamechukuliwa utumwani utotoni, wakatiwa jeshini. Walioa wanawake wa huko huko, wakazaa, wakalima mtama na mboga. Wengine walisahau kabisa nchi walikozaliwa. Boma lilikuwa ndilo kwao.

Gavana Emin alifanya kazi kwa bidii sana. Alipiga vita biashara ya watumwa na kuwaondoa maofisa wala rushwa. Kila asubuhi aliwatibu wagonjwa, wakubwa kwa wadogo. Saa za jioni alipima mvua na joto, akakusanya ndege na wadudu, ambao wengi wao walipelekwa katika majumba ya makumbusho ya Ulaya. Wamisionari wa CMS waliotumwa Buganda kwa njia ya Naili mwaka 1878, akiwamo Daktari Robert Felkin, waliwasili kwake Lado, naye akawapokea kwa ukarimu na kuwasaidia kupita. Felkin hakumsahau. Miaka kumi baadaye alishiriki kuzitoa barua za Emin katika kitabu, na Waingereza wengi wakazisoma.

MSHAHARA UNAKOMA

Mwaka 1881 mtu aitwaye Muhammad Ahmad alijitangaza kuwa Mahdi, akaanzisha vita juu ya serikali ya Misri. Nchi yote ya Sudan ikawaka. Stima ya mwisho kutoka Khartoum ilifika Lado mwaka 1883. Mwaka 1884 jimbo jirani la Bahr el Ghazal likaanguka, na jemadari wa Mahdi akamwandikia Emin asalimu amri. Tarehe 26 Januari 1885 Khartoum yenyewe ikatekwa, na Gordon akauawa.

Hapo Emin akabaki peke yake. Serikali iliyomtuma ilikuwa haipo tena Sudan. Hakuna mshahara, hakuna nguo, hakuna risasi mpya, hakuna barua. Hata hivyo hakukimbia. Aliyaacha maboma mengi ya kaskazini, akahamisha makao yake Wadelai, juu ya mto. Watu wakalima pamba na kusuka nguo zao wenyewe. Wakatengeneza viatu na sabuni. Asali ikawa badala ya sukari. Askari ambao hawakulipwa mshahara kwa miaka walikula mazao ya mashamba yao, ingawa mara nyingi waliwanyang'anya pia wenyeji ng'ombe na nafaka. Haya tuyaseme wazi, maana boma lililo ngao kwa mmoja linaweza kuwa mzigo kwa jirani yake.

Tena kikosi cha kwanza, kilichokaa Rejaf, kilikataa kumtii. Kikosi cha pili cha Dufile kilimtii nusu nusu. Gavana aliongoza kwa upole na subira tu, kwa kuwa nguvu nyingine hakuwa nayo.

Mwaka 1886 rafiki yake, mpelelezi Wilhelm Junker, alifaulu kupita Bunyoro na Buganda mpaka pwani. Buganda alikaribishwa na Alexander Mackay, misionari wa CMS, fundi wa Kiskoti aliyekuwa akiishi chini ya hatari kubwa wakati Kabaka Mwanga alipowaua Wakristo. Barua za Emin zilipita mikononi mwa Mackay. Ndivyo Ulaya ilivyopata habari kwamba gavana wa Gordon yu hai na bado analinda maboma yake.

WAOKOAJI WANAOKOLEWA

Waingereza wakachanga fedha, wakamtuma Henry Stanley kwenda kumwokoa. Stanley alipita njia ya mto Kongo na msitu wa Ituri, na watu wake wakafa kwa mamia kwa njaa na maradhi. Tarehe 29 Aprili 1888 alikutana na Emin kando ya Ziwa Albert. Waokoaji walikuwa wamechoka na kuvaa matambara. Aliyekuja kuokolewa alifika na stima, amevaa nguo safi, na kuwaletea chakula.

Stanley alileta barua ya Khediwi wa Misri. Barua ilisema kwamba Emin na watu wake wanaweza kuondoka na kurudi Misri, au kubaki kwa hatari yao wenyewe. Emin akayumba. Siku moja alitaka kwenda, siku ya pili alitaka kukaa. Akasema kwamba atawafuata watu wake: wakienda atakwenda, wakikaa atakaa. Maneno hayo yanapendeza masikioni. Lakini watu wake nao walikuwa wakimtazama yeye awaonyeshe njia.

Emin na Jephson, msaidizi wa Stanley, wakapita boma kwa boma wakisoma barua ile mbele ya askari. Askari hawakuiamini. Walijua njia moja tu ya kwenda Misri, nayo ni mto Naili kuelekea kaskazini. Hawa wageni waliotoka msituni na nguo zilizoraruka, wanawezaje kuwa wajumbe wa Khediwi? Wakahofu kwamba wanapelekwa kuuzwa kwa Waingereza. Zaidi ya hayo, wake zao, watoto wao na mashamba yao yalikuwa pale. Mwezi wa Agosti 1888 wakaasi, wakamfunga Emin na Jephson ndani ya boma la Dufile. Gavana akawa mfungwa katika boma lake mwenyewe, kwa muda wa miezi mitatu.

Mwezi wa Oktoba jeshi la Mahdi likaja kwa stima kutoka kaskazini na kuiteka Rejaf. Waasi wakashikwa na hofu, wakamfungua Emin, akapelekwa Wadelai. Mwishoni mwa Novemba maadui walishambulia Dufile. Askari wale wale walioasi walipigana kiume nyuma ya tuta lao la udongo, pamoja na ofisa Selim Bey, wakawafukuza. Walikuwa wakilinda nyumba zao. Baadaye wakaliacha boma, nalo likawa gofu. Miaka ya mwanzo ya karne ya 20 Wabelgiji walikuja kukaa hapo kwa muda mfupi, kisha likaachwa tena.

Tarehe 10 Aprili 1889 Stanley alichoka kungoja, akafunga safari. Emin akaenda naye, akiwa na binti yake mdogo Ferida, ambaye mama yake alikuwa amekwisha kufa. Watu wa Emin walioondoka naye walikuwa karibu 600. Waliofika pwani hawakuzidi 300. Selim Bey alikuwa amekwenda kuwakusanya wenzake, lakini hakungojwa. Maelfu ya askari, wanawake na watoto wakaachwa.

WAWILI USAMBIRO

Mwisho wa Agosti 1889 msafara ulifika Usambiro, kusini mwa Ziwa Victoria. Mackay alikuwa hapo, maana alikuwa amefukuzwa Buganda mwaka 1887. Alikuwa na nyumba nadhifu, karakana na mtambo wa kuchapia, naye aliwafundisha vijana na kutafsiri Maandiko kwa Kiganda. Wageni walipumzika kwake karibu wiki tatu.

Tuwatazame watu hawa wawili wakiwa mezani pamoja. Wote wawili walianza kazi yao barani Afrika mwaka 1876. Wote wawili walikuwa wasomi, wapole, wenye mikono ya kazi. Wote walikuwa wametengwa na watu wao kwa miaka mingi. Stanley alimshauri Mackay aondoke pamoja nao akapumzike kwao, kwa kuwa alikuwa hajarudi tangu alipokuja. Mackay akakataa, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kushika nafasi yake. Msafara ukaenda zake, yeye akabaki. Homa ikamshika, akafariki tarehe 8 Februari 1890, akiwa na umri wa miaka 40. Mwaka 1927 mifupa yake ilihamishiwa Namirembe.

Hatusemi haya ili kumwaibisha Emin. Mackay hakuwa na askari waasi, wala hakufungwa na watu aliowatibu. Tofauti ya wawili hao haikuwa katika wema. Mackay alijua aliyemtuma, na aliyemtuma hakuondoka Khartoum wala hakuteremsha bendera. Emin alitumwa na serikali, na serikali ilipovunjika, alibaki na moyo wake mwema tu. Moyo mwema ni karama kubwa, lakini peke yake huyumba kama mashua isiyo na nanga.

ALIVYOKUFA

Tarehe 4 Desemba 1889 walifika Bagamoyo. Usiku huo, katika karamu, Emin, ambaye macho yake yalikuwa mabovu, alianguka kutoka ghorofani akaumia kichwa. Alipopona hakwenda Misri wala Ulaya. Aliingia katika utumishi wa Wajerumani, akarudi bara mwezi wa Aprili 1890, na mwishoni mwa mwaka huo akaanzisha kituo cha Bukoba. Ferida alipelekwa Ujerumani, akalelewa na dada yake Emin.

Katika mwaka 1891 alikwenda kaskazini tena, akakutana na askari wake wa zamani karibu na Ziwa Albert. Selim Bey alikuwa nao. Wengi walivaa ngozi, na bado walikuwa na bendera ya Khediwi. Emin aliwaomba wamfuate. Selim alikataa kwenda chini ya bendera nyingine. Ni jambo la huzuni: aliyeitwa mwaminifu alikuwa amebadili bendera, na wale walioitwa waasi walikuwa bado wanaitunza ya kwanza.

Baada ya miezi michache ndui iliingia katika msafara wake. Hapo Emin alifanya jambo ambalo halipasi kusahauliwa. Mwezi wa Desemba 1891 alimwamuru msaidizi wake, Franz Stuhlmann, aondoke na wazima wote, na yeye, karibu kipofu, akabaki na wagonjwa. Safari hii hakuyumba. Kisha akaelekea magharibi na watu wake wachache. Mwezi wa Oktoba 1892, mahali paitwapo Kinena katika Kongo ya mashariki, aliuawa kwa amri ya Kibonge, mmoja wa wakubwa wa misafara ya watumwa na pembe. Alikuwa na miaka 52.

WALIOBAKI

Nao watu wa maboma? Mwezi wa Septemba 1891 Kapteni Frederick Lugard aliwakuta, akawachukua kwa maelfu, na wanawake na watoto wao. Wengine aliwaweka katika maboma mapya mpakani mwa Toro na Bunyoro, wengine akaenda nao Kampala. Mwaka 1897 baadhi yao waliasi tena, kwa sababu ya mishahara midogo na safari zisizokwisha. Lakini jamaa zao zimedumu. Hao ndio asili ya Wanubi wa Uganda, na wa Kibera nchini Kenya, na lugha yao ya Kinubi ilitoka katika Kiarabu cha mabomani. Udongo wa Dufile umebomoka, mji wake umetembea kwa miguu na kuzaa wajukuu.

Ndugu wasomaji, nyumba nyingi za Tarime na Serengeti zimetoa askari, na nyingi zimetoa wafanyakazi waendao mbali. Tunajua maana ya kungojea mshahara usiokuja, na maana ya mke na watoto walioachwa bila neno la kuaga. Kila mmoja wetu amepewa boma dogo: nyumba, darasa, kundi la kipaimara, ukoo. Siku moja mambo yatakuwa magumu na msaada utakatika. Siku hiyo wanaotutegemea hawatatuuliza kwanza kama tu wapole. Watauliza kama tutakaa nao, na kama tunaijua njia.

Emin aliwaacha mjane wa Neisse na watu wa Dufile. Hakuwaacha wagonjwa wa ndui. Mungu aliye mwaminifu daima ndiye ajuaye kuyapima yote matatu. Sisi tumwombe neema tusingoje mpaka msafara wa mwisho ndipo tujifunze kukaa.